Vitabu vya marejeo vya sayansi ya jamii na mbinu za utafiti: maswali ambayo wanafunzi wa Uganda huyarudia

Maswali haya hujitokeza kila msimu wa kuandika mapendekezo ya utafiti, katika vyuo vya Makerere na Kyambogo, Gulu, Mbarara na Arua. Majibu yanamlenga mwanafunzi anayesoma kwa Kiingereza lakini anafikiri na kujadiliana na wenzake kwa Kiswahili. Kila jibu linajitegemea. Mahali ambapo jambo limeshaelezwa, utaelekezwa kwenye namba ya swali.

## Mambo ya msingi

1. Kitabu cha marejeo ni kipi hasa?

Ni kitabu unachokifungua ukiwa na swali mkononi, unapata jibu, unakifunga. Kamusi, ensaiklopedia, atlasi, bibliografia na vitabu vya takwimu vya kila mwaka vyote viko hapo. Kitabu cha kiada ni kingine: hicho hufundisha hatua kwa hatua na kinataka kisomwe mfululizo.

Vitabu vya mbinu za utafiti viko katikati, na fujo huanzia hapo. Mwanafunzi hukishika kama kamusi, akachomoa fasili ya "utafiti wa kimaelezo", akaipachika Sura ya Tatu ya tasnifu, ile ya mbinu, akakirudisha kwenye rafu. Fasili hiyo msimamizi wako anaijua tangu zamani. Anachotaka kuona ni sababu ya wewe kuchagua njia hiyo kwa swali lako, na sababu hiyo haimo katika sentensi moja. Imo katika sura nzima.

2. Kuna ensaiklopedia za sayansi ya jamii? Nianze na ipi?

Zipo tatu kubwa, na kila moja ni ya zama zake. Ya kwanza ilitoka Marekani kati ya 1930 na 1935, majalada 15. Ya pili ilitoka 1968 chini ya uhariri wa David Sills, majalada 17. Ya tatu, iliyohaririwa na Neil Smelser na Paul Baltes, ilitoka 2001 ikiwa na majalada 26, na toleo lake la pili lilifuata 2015. Kwa hali ya sasa ya taaluma anza na ya mwisho. Kwa historia ya dhana fulani, ile ya 1968 bado ni hazina: makala nyingi ziliandikwa na watu waliozijenga dhana zenyewe, na ukiisoma unajua wanazuoni wa wakati huo walifikiri nini kabla hawajakosolewa.

Kwa bara letu, ongeza Historia Kuu ya Afrika ya UNESCO, ambayo majalada yake manane ya awali yanapatikana bure mtandaoni. Jalada la kwanza, lililohaririwa na Joseph Ki-Zerbo, linahusu mbinu, na lina sehemu nzuri juu ya masimulizi ya mdomo kama chanzo cha historia. Wanafunzi wa sosholojia hulipita wakidhani ni la wanahistoria peke yao. Wanakosea.

3. Wikipedia je?

Kuanzia, ndiyo. Kunukuu, hapana. Soma makala, shuka hadi orodha ya vyanzo chini, kisha tafuta vyanzo hivyo.

## Vitabu vya mbinu

4. Mbona kila tasnifu inawataja Amin, Mugenda, Kothari na Creswell?

Kwa sababu vitabu vyao vya mbinu vinapatikana, na kwa sababu tasnifu zilizotangulia ziliwataja. Kitabu cha Martin Amin kilichapishwa Kampala mwaka 2005 na kiwanda cha uchapaji cha Makerere. Cha Olive na Abel Mugenda kilitoka Nairobi 1999. Cha C. R. Kothari ni cha New Delhi, na kwa kuwa vitabu vya India huwa na bei nafuu, kimeenea Afrika Mashariki nzima. John Creswell ni wa Marekani, na nakala zake zinazunguka kwenye simu za wanafunzi kuliko za mwandishi mwingine yeyote.

Si vitabu vibaya. Ubaya ni kuvitaja vinne kwa jambo moja ambalo vyote vimelichukua kwa mtu mwingine. Ukiandika kwamba hojaji hukusanya taarifa kutoka kwa watu wengi kwa muda mfupi, kisha ukaweka majina manne kwenye mabano, hujathibitisha kitu. Umeonyesha tu kwamba vitabu vinne vinakubaliana juu ya jambo ambalo hakuna anayelipinga.

5. Nina pesa ya kitabu kimoja. Ninunue kipi?

Inategemea utafiti wako unasimama wapi. Kama ni wa takwimu, Amin anafaa: anaeleza hesabu polepole na mifano yake si ya mbali. Kama unasitasita kati ya takwimu na mahojiano, kitabu cha Alan Bryman wa Uingereza kinaeleza pande zote mbili kwa haki kuliko vingine ninavyovijua, ila ni kinene na bei yake inauma, kwa hiyo kiazime maktaba. Creswell ni mzuri wa kupanga pendekezo. Ukifika kwenye uchambuzi wa data atakuacha njiani, utahitaji mwingine.

Kama unafanya kazi na jamii yenye njia zake za kujua na kusimulia mambo, tafuta kitabu cha Bagele Chilisa wa Botswana kilichotoka 2012. Anauliza maswali ambayo Kothari hayagusi kabisa: nani ana haki ya kuuliza, maarifa yakishakusanywa ni ya nani, na uhusiano kati ya mtafiti na anayehojiwa unabadilishaje kile kinachosemwa.

6. Toleo la zamani linakubalika?

Mara nyingi ndiyo, mradi utaje toleo ulilolishika wewe. Usisome toleo la 2003 ukaandika la 2018 ili orodha yako ionekane changa. Creswell ni mfano mzuri wa jinsi utakavyoumbuka. Toleo lake la tatu (2009) linataja mtazamo wa utetezi na ushirikishwaji kama mmoja wa mitazamo minne ya kifalsafa. Katika toleo la nne (2014) mtazamo huo umepewa jina jipya, wa mabadiliko. Kuanzia toleo la tano (2018) kuna mwandishi wa pili, J. David Creswell. Ukichanganya mwaka na maudhui, mtahini aliyekisoma atakugundua kwa aya moja.

Kwa programu za takwimu hali ni tofauti. Kitabu kinachoonyesha menyu za programu huchakaa haraka, ingawa hesabu zilizo nyuma yake hazichakai.

7. Jedwali la Krejcie na Morgan linasema watu 278. Nichukue hao tu niendelee?

Hili ndilo swali linaloulizwa kuliko yote, kwa hiyo jibu ni refu.

Robert Krejcie na Daryle Morgan walichapisha jedwali lao la ukubwa wa sampuli 1970 katika makala ya kurasa nne tu. Isome, haikuchukui dakika ishirini. Kwa idadi ya watu 1,000 jedwali linatoa sampuli ya 278, kwa 10,000 linatoa 370, na kwa 100,000 linatoa 384. Namba hizo zimejengwa juu ya masharti. Unakadiria uwiano, kwa mfano sehemu ya watu wanaokubali jambo fulani. Unakubali kosa la asilimia 5 kwa uhakika wa asilimia 95. Na unachagua watu kwa bahati nasibu kutoka orodha kamili, kila mmoja akiwa na nafasi sawa ya kuchaguliwa.

Sasa chukua utafiti wa bodaboda wa Wandegeya. Orodha kamili unayo? Kama huna, ukaenda kwenye steji tatu na kuhoji kila uliyemkuta, hujafanya bahati nasibu, na jedwali haliwezi kukutetea. Tena, vijana wa steji moja hufanana: wana mwenyekiti mmoja, bei moja, mara nyingi hata chama kimoja cha akiba. Watu 278 kutoka steji chache wanakupa taarifa pungufu kuliko watu 278 waliotawanyika mji mzima.

Jedwali pia halihesabu hojaji zisizorudi. Ukitarajia mtu mmoja kati ya watano asirudishe, gawanya 278 kwa 0.8, utahitaji kugawa hojaji 348 hivi.

Na kama unafanya mahojiano ya kina na wazee, jedwali halikuhusu hata kidogo. Huko unaacha kuhoji pale ambapo mahojiano mapya hayaongezi jambo jipya, na unaeleza katika tasnifu ulijuaje kwamba umefika hapo.

Wengine hutumia fomula ya Yamane (1967), ambayo baadhi huiita ya Slovin. Kwa watu 1,000 inatoa 286 badala ya 278. Tofauti inatokana na kukadiria: kwa uhakika wa asilimia 95, Yamane anatumia 2 pale ambapo Krejcie na Morgan wanatumia 1.96. Chagua moja, sema kwa nini, usichanganye.

8. Niliambiwa nichukue asilimia 10 hadi 30 ya watu wote. Ni sawa?

Kanuni hiyo hunukuliwa sana kwa jina la Mugenda na Mugenda. Ijaribu kwa hesabu: asilimia 10 ya watu 50 ni watu watano, na asilimia 30 ya watu 100,000 ni 30,000. Wa kwanza hawatoshi, wa pili watakumaliza wewe na mfuko wako. Usahihi wa sampuli hutegemea zaidi idadi ya watu uliowahoji kuliko sehemu yao katika jumla, ndiyo maana jedwali la swali la 7 linasimama karibu na 384 hata jumla ikikua namna gani.

9. Alfa yangu ya Cronbach ni 0.66. Nimeshindwa?

Hapana. Alfa ni kipimo cha jinsi maswali ya hojaji yanavyokwenda pamoja. Lee Cronbach alichapisha makala yake 1951, na mpaka wa 0.7 unaotajwa kila mahali hufuatwa nyuma hadi kwa Jum Nunnally. Katika toleo la 1967 la kitabu chake aliona 0.5 hadi 0.6 inatosha kwa utafiti ulio katika hatua za mwanzo. Katika toleo la 1978 alipandisha hadi 0.7. Kwa utafiti wa msingi alitaka 0.8, na kwa maamuzi yanayomgusa mtu mmoja mmoja, mfano kupasi au kufeli mtihani, alitaka walau 0.9. Kwa hiyo 0.7 ni ushauri wenye muktadha wake.

Alfa hupanda ukiongeza maswali, hata kama maswali yenyewe ni ya kurudiarudia. Kabla ya kufuta swali ili namba ipande, soma swali lenyewe. Huenda ndilo pekee linalogusa upande fulani wa jambo unalolipima. Na kama kipimo chako kina pande mbili tofauti, hesabu alfa ya kila upande peke yake.

## Vyanzo vya Uganda

10. Takwimu za nchi nizitoe wapi?

Kwanza Ofisi ya Takwimu ya Uganda (UBOS). Kitabu chake cha takwimu cha kila mwaka ni kitabu cha marejeo kwa maana kamili ya neno, na kinapakuliwa bure. Sensa ya 1991 ilihesabu watu milioni 16.7, ya 2002 milioni 24.2, ya 2014 milioni 34.6, na ya 2024 milioni 45.9. Upo pia utafiti wa afya na idadi ya watu, ambao matoleo yake ya karibuni ni ya 2016 na 2022, na utafiti wa kitaifa unaofuatilia kaya zilezile tangu 2009/10. Huo wa mwisho data zake ghafi hupatikana kupitia Benki ya Dunia.

Kwa maoni ya watu juu ya siasa na utawala, Afrobarometer imekuwa ikihoji Waganda tangu mwaka 2000, na data zake ni bure. Kuna wanafunzi wanaohoji watu 100 juu ya imani yao kwa serikali bila kujua kwamba jibu la nchi nzima liko tayari, tena kwa miaka mingi mfululizo. Anza na hilo, kisha uliza lile ambalo halikuulizwa.

11. Wilaya yangu haimo katika sensa ya zamani. Nilinganisheje?

Wilaya zilikuwa 38 wakati wa sensa ya 1991, 56 mwaka 2002 na 112 mwaka 2014. Leo zimepita 130. Arua ya sensa ya 2002 ilikuwa na maeneo ambayo sasa ni Koboko, Maracha, Terego na Madi-Okollo. Ukilinganisha Arua ya 2002 na Arua ya 2024 utaandika kwamba watu wamepungua, jambo ambalo si kweli.

Njia salama ni kushuka hadi kaunti ndogo, ukajumlisha zile zinazounda eneo lilelile katika sensa zote mbili. Hata kaunti ndogo hugawanywa, kwa hiyo kagua majina ya parokia pia. Kazi inachosha, lakini hakuna njia ya mkato.

12. Vitabu vya zamani kuhusu makabila yetu nivitumie, au ni vya kikoloni tu?

Vitumie, lakini kwa kuvihoji. Kitabu cha mmisionari John Roscoe kuhusu Baganda, cha 1911, kimejaa habari zilizopatikana kwa msaada mkubwa wa Apolo Kagwa, Katikiro (waziri mkuu) wa Buganda. Kwa hiyo unaposema "Roscoe anasema", jiulize ni nani anayesema hasa. Kagwa alikuwa kiongozi Mprotestanti, mshindi wa vita vya kidini, na yeye mwenyewe mwandishi wa historia ya Buganda. Ana upande wake.

Kizazi kilichofuata kilihusiana na taasisi ya utafiti wa jamii iliyoanzishwa Makerere 1948, ambayo leo ni MISR. Audrey Richards aliiongoza kuanzia 1950. Lloyd Fallers aliandika kuhusu Busoga, Aidan Southall kuhusu Alur, John Middleton kuhusu Walugbara. Kazi zao ni za kina kuliko nyingi zilizofuata. Kasoro iliyozoeleka ni kuandika kana kwamba walichokiona ndicho kilichopo daima. Middleton alikaa kwa Walugbara kati ya 1949 na 1952, kitabu kikatoka 1960. Ukimnukuu, tumia wakati uliopita na utaje miaka aliyokuwa huko. "Walugbara wanaamini" ya mwaka wa leo, yenye rejea ya 1960, ni kosa.

Kisha wasome waliowajibu. Okot p'Bitek, mwanzoni mwa miaka ya 1970, aliwashutumu wanazuoni wa Magharibi kwa kuivisha dini ya Kiafrika nguo za Ulaya, na hakuwaacha wasomi Waafrika waliofanya hivyohivyo. Mahmood Mamdani, katika kitabu chake cha 1996, alionyesha jinsi utawala wa kikoloni ulivyolifanya kabila kuwa chombo cha kutawalia, machifu wakipewa nguvu ambazo wengi wao hawakuwa nazo. Ukiwasoma pamoja na Fallers sura yako ya pili, ile ya mapitio ya maandiko, itakuwa na mjadala ndani yake. Bila mjadala ni orodha ya majina.

13. Vitabu hivyo vinapatikana wapi?

Uliza sehemu ya Africana (vitabu kuhusu Afrika) katika maktaba kuu ya Makerere, ila vingi kati ya vitabu vyake haviazimwi, unasomea palepale. Jarida la Uganda Society, lililoanza 1934, ni lazima kwa yeyote anayegusa historia ya mahali. Tasnifu za wenzako waliotangulia zimewekwa katika hifadhi ya kidijitali ya Makerere. Zipitie uone mada ipi imeshachoshwa.

14. Niko mbali na Kampala na sina pesa ya majarida. Nifanyeje?

Muulize mkutubi wa chuo chako kama chuo kimesajiliwa Research4Life, mpango unaovifungulia vyuo vya nchi zenye kipato kidogo majarida ya kitaaluma. Uganda imo katika kundi la nchi ambazo taasisi zake hazilipi chochote, na ndani yake mpango wa GOALI, ulioanza 2018, unahusu sheria na sayansi za jamii. Nywila hutolewa kwa chuo, si kwa mtu binafsi. African Journals Online, iliyoanza 1998, ina majarida mengi ya Afrika na sehemu kubwa yanasomeka bure. CODESRIA, baraza la utafiti wa sayansi za jamii la Dakar, nalo huweka vitabu vyake vingi mtandaoni.

## Kunukuu

15. Nimempata Cronbach ndani ya Amin. Nimtaje nani?

Amin, kwa kuwa ndiye uliyemsoma: andika Cronbach kama alivyonukuliwa na Amin. Lakini ukiona unafanya hivyo zaidi ya mara mbili tatu, ni dalili kwamba unahitaji kutafuta maandiko ya asili. Makala kama ya Krejcie na Morgan (swali la 7) si ngumu kuipata.

16. Nakala yangu ni ya fotokopi, haina kurasa za mwanzo.

Usikisie mwaka. Tafuta kitabu katika katalogi ya maktaba na ulinganishe namba za kurasa na vichwa vya sura. Duka la fotokopi hukata kurasa zile kuokoa karatasi, na hizo ndizo zenye mchapishaji, mwaka na toleo.

17. Okot p'Bitek nimpange chini ya herufi gani?

Katalogi nyingi humweka chini ya p'Bitek, nyingine B, na wapo wanaomtafuta kwa O. Ukitafuta, jaribu zote. Ukiandika, chagua moja uishike hadi mwisho. Kwa waandishi wengine wa Uganda fuata mpangilio wa jina kama ulivyo kwenye jalada, kisha angalia katika kazi zao nyingine kama wao wenyewe hujinukuu vipi.

18. Programu ya akili bandia imenipa orodha ya vitabu. Niitumie?

Kagua kimoja kimoja katika katalogi. Programu hizi hutunga vitabu visivyokuwapo, zikaviwekea mwandishi wa kweli na mwaka unaoaminika. Usichokiona kwa macho yako kisiingie kwenye orodha.

## Mambo ya pembeni

19. Watu ninaowahoji wanasema Kiswahili, hojaji yangu ni ya Kiingereza.

Mpe mtu mmoja aitafsiri kwa Kiswahili, na mwingine asiyeiona ya asili airudishe kwa Kiingereza. Palipotofautiana ndipo pa kurekebisha. Kisha ijaribu kwa watu wachache wa mahali penyewe. Kwenye makazi ya wakimbizi ya Nakivale na Kyangwali, Wakongo wengi watakuelewa, lakini Kiswahili chao si cha vitabu vya Dar es Salaam, na swali lililoandikwa kwa Kiswahili sanifu linaweza kujibiwa kwa jambo jingine kabisa. Kamusi haitakusaidia hapo. Kaa na wazungumzaji wawili watatu muisome pamoja kwa sauti.

20. Miongozo ya maadili ni sehemu ya marejeo?

Ndiyo. Soma mwongozo wa Baraza la Taifa la Sayansi na Teknolojia (UNCST) wa 2014 kuhusu utafiti unaohusisha watu, pamoja na sheria ya ulinzi wa data binafsi ya 2019. Kamati ya maadili huja kwanza, UNCST baadaye. Kwenye makazi ya wakimbizi utahitaji pia ruhusa ya Ofisi ya Waziri Mkuu, na kijijini huanzi kuhoji kabla ya kujitambulisha kwa mwenyekiti wa LC1 (baraza la kijiji). Anza mapema. Barua hizi hazijali tarehe yako ya kuwasilisha tasnifu.

21. Msimamizi anataka nimtaje mwandishi ambaye sikubaliani naye.

Mtaje, eleza anasema nini kwa haki, kisha sema unatofautiana naye wapi na kwa ushahidi gani. Wasimamizi wengi hawana tatizo na hilo. Kinachowaudhi ni mwanafunzi aliyeruka kitabu bila kukisoma. Nenda na kitabu chenyewe, ukurasa umeweka alama, na umwambie, "Mwalimu, nimesoma hapa, na hapa ndipo nilipokwama." Akishikilia msimamo wake kwa sampuli ya asilimia 30, mwonyeshe hesabu ya swali la 8 na makala ya Krejcie na Morgan.